Amekuamini Wewe, Hajauamini Umma

Hotuba kwa waongozaji chipukizi wa dokumentari

Waheshimiwa walimu, watayarishaji na wahariri mliopo, na ninyi vijana ambao ndiyo kwanza mnaongoza filamu zenu, asanteni kwa kunipa nafasi hii.

Waandaaji walinipa maombi yenu niyasome kabla ya kuja. Nimeyasoma yote, mengine zaidi ya mara moja. Karibu kila mmoja wenu anataka kutengeneza dokumentari kuhusu mtu mmoja au nyumba moja: bibi anayepoteza kumbukumbu, kaka aliyerudi kutoka gerezani, mama na binti waliokaa miaka bila kusemezana, rafiki anayeishi na ugonjwa ambao ndugu zake hawajaambiwa. Maombi hayo yalinipa furaha. Yalinipa pia hofu, na muda wangu mwingi leo nitautumia kwa hiyo hofu, kwa sababu pongezi mtazipata kwa wengine.

Kwanza niondoe dhana moja. Yupo atakayewaambia kwamba hadithi za namna hii ni ndogo, kwamba mwongozaji aliyekomaa hushughulika na vita, uchaguzi na ufisadi, na kwamba mkikua mtayaacha mambo ya ndani ya nyumba. Msimsikilize. Mwezi Desemba mwaka 1895, ndugu wawili, Auguste na Louis Lumière, walipoonyesha picha zao zinazotembea kwa hadhira iliyolipa kiingilio jijini Paris, zilikuwa filamu kumi, kila moja haifiki dakika moja. Mojawapo ilimwonyesha Auguste na mkewe mezani, wakimlisha binti yao mchanga. Hakuna zaidi ya hapo. Sinema ilikuwa haijajifunza hata kuhariri, lakini ilishaketi mezani na familia ya mtu. Kwa hiyo mnaotaka kusimulia maisha ya mtu mmoja hamko pembeni mwa sanaa hii. Mko penye mzizi wake.

Kilichochelewa ni vifaa. Kwa miongo kadhaa kurekodi sauti pamoja na picha kulihitaji mitambo mizito, taa kali na kundi la mafundi, na mtu wa kawaida akizungukwa na hayo yote hawezi kuzungumza kama anavyozungumza na mkewe usiku. Ndiyo maana filamu nyingi za zamani zina sauti ya msimulizi anayetueleza watu wanawaza nini, badala ya watu wenyewe kusema. Mambo yalibadilika mwishoni mwa miaka ya 1950, zilipopatikana kamera za kubebwa begani zinazotumia mkanda wa filamu wenye upana wa milimita 16 na vinasa sauti kama Nagra III ya mwaka 1958, ambavyo mtu mmoja aliweza kuvining'iniza begani na kutembea navyo. Mwaka 1995 zikaja kamera ndogo za video za kidijitali. Leo simu iliyo mfukoni mwako inarekodi picha ambayo waliotutangulia wangeililia. Kuingia chumbani mwa mtu si tena suala la mitambo. Kilichobaki mlangoni ni imani tu, na imani ndiyo tunayoifundisha kidogo kuliko chochote katika mafunzo yetu. Tunafundisha lenzi kwa wiki nzima, halafu suala la idhini tunalimaliza kwa fomu ya ukurasa mmoja.

Sasa nifike kwenye hofu yangu.

Mtu anapokukaribisha na kamera yako, anakukaribisha wewe. Anaijua sura yako, amekuona ukichoka, amekusikia ukiongea na mama yako kwenye simu. Anapokwambia jambo zito, macho yake yako kwako. Lakini wewe unajua, na yeye anasahau, kwamba nyuma ya lenzi wapo watu wasiohesabika ambao hajawahi kukutana nao: watakaomhurumia, watakaomcheka, watakaomtambua sokoni, watakaokata kipande cha sekunde 20 na kukisambaza bila kilichotangulia wala kilichofuata. Amekuamini wewe. Hajauamini umma. Kazi ya mwongozaji wa hadithi za karibu ni kulishughulikia pengo hilo tangu siku ya kwanza hadi filamu itakapokuwa imeonyeshwa, na hata baada ya hapo.

Tuchukue mfano ili tusizungumze hewani. Mwanamke anamuuguza mumewe nyumbani. Umekuja, mmezungumza, amesaini fomu. Siku ile anasaini, alikuwa anajua nini? Alijua kwamba utarekodi akimpa mumewe dawa, akimgeuza kitandani, akilala kwenye kiti. Hakujua kwamba mwezi wa nne, usiku, amechoka kupita kiasi, atakaa kwenye ngazi na kukwambia kwa sauti ndogo kwamba kuna siku anaomba mumewe afe ili wote wawili wapumzike. Maiki iko nguoni mwake, amekwisha kuisahau. Kamera inarekodi. Na wewe, kwa kuwa una kipaji, unajua papo hapo kwamba umeipata sentensi ambayo filamu yote itaegemea.

Fomu inakuruhusu. Mwanasheria wako atasema huna tatizo. Nami nasema kwamba kwa sentensi ile huna idhini bado, kwa sababu mtu hawezi kuridhia jambo ambalo lilikuwa halijatokea.

Ufanye nini? Usizime kamera kwa hofu; hilo nalo lingemwambia kwamba alichosema ni aibu. Msikilize hadi amalize. Usimuulize kuhusu ruhusa pale pale akiwa analia, kwa maana mtu anayelia atakubali chochote au atakataa chochote. Mwache alale. Lakini usisubiri mwaka mzima, umpelekee habari wakati filamu imekwisha kufungwa na tamasha limetangaza tarehe. Baada ya siku moja au mbili rudi, ukae naye, umwambie waziwazi: jana ulisema hivi, nimelirekodi, naliona ni la kweli na huenda likawasaidia wengine wanaouguza, lakini ni lako. Kisha mtajie watu kwa majina yao ya undugu. Mama mkwe wako ataliona. Shemeji zako wataliona. Mwanao, ambaye leo ana miaka minane, ataliona akiwa na kumi na minane. Hapo ndipo anaanza kuelewa unaomba nini. Neno "watazamaji" halimaanishi kitu kwa mtu ambaye hajawahi kuwa na watazamaji. "Shemeji yako" linamaanisha.

Wengi hushangaa kwamba, wakiulizwa namna hii, wahusika mara nyingi hukubali. Hukubali wakijua, na wanaojua husimama imara filamu inapotoka. Wengine hukataa, na ukweli ni kwamba filamu yako itaendelea kuishi. Bado una mikono ya yule mwanamke ikikunja shuka. Bado una jinsi anavyosimama mlangoni kabla ya kuingia chumbani. Mwongozaji ambaye filamu yake inaweza kuanguka kwa kuondolewa sentensi moja alikuwa na sentensi tu, hakuwa na filamu.

Na mume je? Huyu ndiye tunayemsahau. Yeye ndiye anayeonekana akiwa dhaifu, akivishwa na kulishwa. Huenda baadhi ya siku ana fahamu zake na siku nyingine hana. Muulize siku aliyo nazo, muulize tena siku nyingine, na siku ambazo hawezi kusema soma mwili wake. Akigeuzia uso ukutani unapoingia na kamera, amekujibu. Mke hawezi kuutoa mwili wa mumewe kwa niaba yake kama atoavyo ruhusa ya kurekodi sebule. Vivyo hivyo kwa watoto: saini ya mzazi inatosha kisheria, ila mtoto mwenyewe aulizwe kwa lugha yake, na aulizwe upya kadiri anavyokua.

Kuna mfululizo mashuhuri wa televisheni ya Uingereza ulioanza mwaka 1964 na watoto 14 wenye umri wa miaka saba, kisha ukawarudia kila baada ya miaka saba. Michael Apted aliuongoza kwa sehemu kubwa ya maisha yake, na sehemu iliyotoka mwaka 2019 iliwakuta wakiwa na miaka 63. Mnaotaka kufanya hadithi za karibu uangalieni kwa jambo hili: wapo waliojitoa. Mmoja alisema maneno yake kuhusu siasa akiwa na miaka 28, magazeti yakamshambulia, akaondoka na kukaa nje ya mfululizo kwa karibu miongo mitatu, kisha akarudi kwa hiari yake akiwa na miaka 56. Mwingine aliondoka na hakurudi tena. Hao watoto hawakuchagua kuingia. Walichaguliwa wakiwa na miaka saba. Lakini mlango wa kutoka ulikuwepo, wakautumia, na mfululizo haukufa. Nawaomba mjenge mlango huo katika kila mradi. Andikeni hata kwenye fomu zenu: hadi siku fulani unaweza kujitoa, na ukijitoa hivi ndivyo itakavyokuwa.

Sasa suala linaloleta mabishano makali kila ninapolisema: je, umwonyeshe mhusika filamu kabla haijakamilika? Mwaka 1960, Jean Rouch na Edgar Morin walirekodi watu wa kawaida jijini Paris wakizungumza kuhusu maisha yao, mapenzi, upweke, kazi za kiwandani, makovu ya vita. Filamu ilitoka mwaka 1961. Kabla ya kuikamilisha waliwakusanya wahusika ukumbini, wakawaonyesha, wakarekodi mjadala wao na kuuweka ndani ya filamu yenyewe. Majibu yalipishana vikali. Wapo walioona baadhi ya watu wamejianika kupita kiasi, na wapo walioona wengine wanaigiza. Watu wale wale, picha zile zile. Miaka zaidi ya 60 imepita na sijaona somo bora zaidi la unyenyekevu kwa mwongozaji.

Msimamo wangu ni huu. Katika filamu ya maisha binafsi, mwonyesheni mhusika nakala ya awali wakati bado inawezekana kubadilisha kitu. Mwonyesheni akiwa na mtu mmoja anayemwamini, nyumbani kwake au mahali anapopachagua, bila hadhira na bila kamera inayomsubiri alie. Akisema tarehe si sahihi, rekebisha. Akisema kipande fulani kitamweka hatarini, kitoe, usibishane naye. Hatari yake anaijua yeye, na siri ya mtungi aijuaye kata. Akisema kuna jambo hawezi kuishi nalo, kaa chini mzungumze hadi mpate njia. Akisema tu kwamba hapendi alivyonenepa, au angependa aonekane mpole zaidi kwa jirani yake, hapo una haki ya kutetea filamu. Na naongeza jambo muhimu: kanuni hii haimhusu mwenye mamlaka unayemchunguza. Mkubwa aliyekula fedha za umma haonyeshwi nakala ya awali ili aifute. Upole wetu ni kwa ajili ya wale ambao kamera ina nguvu kuwazidi.

Mhusika si peke yake anayepaswa kuambiwa ukweli. Mtazamaji naye anadai chake. Robert Flaherty, katika filamu yake ya mwaka 1922 kuhusu familia ya Wainuit, wenyeji wa kaskazini ya mbali ya Kanada, alijengesha nyumba ya barafu yenye upande ulio wazi ili mwanga wa kamera upatikane, akawaunganisha watu kuwa familia ambayo haikuwa familia yao halisi, na akataka wawinde kwa zana za zamani ilhali walikuwa na bunduki. Wahusika walilijua hilo na walishiriki kulipanga. Aliyeachwa gizani ni aliyekata tiketi. Kwa kazi zenu nawapa mpaka ninaoutumia mwenyewe: unaweza kumwomba mtu asubiri kuwasha jiko hadi ubadilishe betri. Huwezi kumwomba alie tena kwa kuwa mara ya kwanza picha haikuwa kali.

Nizungumze kidogo kuhusu ufundi, kwa sababu heshima ninayoisema hukaa ndani ya ufundi, na ufundi wa filamu za karibu ni wa masikio kuliko macho. Keti chini kuliko mhusika au sawa naye. Mwangalie yeye, uache kuangalia kioo cha kamera. Uliza maswali yasiyojibika kwa ndiyo au hapana: badala ya "ulihuzunika?" sema "nisimulie asubuhi ile." Akimaliza kujibu, nyamaza. Vijana wengi huogopa kimya na kukimbilia swali linalofuata, na jibu lililokuwa linakuja nyuma ya jibu linapotea. Kabla ya kuondoka chumbani, rekodi dakika moja ya chumba chenyewe bila mtu kusema. Mhariri wako atakushukuru atakapohitaji kuziba mapengo ya sauti. Mkizima friji ili isiungurume kwenye sauti, wekeni funguo za gari ndani yake, kama mafundi wa sauti wa siku nyingi wafanyavyo, msije mkaondoka na kuacha chakula cha watu kikiharibika.

Na maiki ya nguoni! Hapa nataka mnisikilize kwa makini. Maiki ile isiyo na waya humfuata mtu popote. Anapoingia chooni, anapokwenda chumba cha pili kumnong'oneza dada yake, anapompigia daktari, wewe uliyevaa hedifoni unasikia yote, na yeye amesahau. Vua hedifoni. Simamisha kurekodi sauti. Akirudi mwambie kwamba ulizima, ajue. Hakuna atakayekuona ukifanya hivyo, wala hakuna tuzo yake, na ndiyo sababu nakitaja kitendo hiki jukwaani.

Wengine mnataka kurekodi familia zenu wenyewe. Hilo ni gumu kuliko linavyoonekana, kwa sababu mama yako hawezi kukukatalia kama angemkatalia mgeni. Ndiyo yake kwako imechanganyika na umama. Mpeni mtu wa nje ya familia kazi ya kumuuliza, ninyi mkiwa hamko chumbani. Na mpate mhariri asiyeijua familia yenu, atakayewaambia pale mnapomlipizia mtu kisasi cha utotoni kwa njia ya uhariri.

Muda ni sehemu ya imani, na muda unagharimu. Steve James na wenzake walianza mradi wao kuhusu vijana wawili wa Chicago waliokuwa wakicheza mpira wa kikapu wakidhani watatengeneza filamu fupi ya dakika 30. Walikaa na familia zile kwa karibu miaka mitano, wakarudi na takriban saa 250 za picha, na filamu iliyotoka mwaka 1994 haikufika saa tatu. Filamu ilipopata fedha, waliwagawia wahusika sehemu ya mapato. Nalitaja hili la mapato kwa makusudi. Kumlipa mtu ili akwambie jambo fulani ni kununua ushuhuda, nami siliungi mkono. Kumfidia siku ya kazi aliyoipoteza kwa ajili yako, au kumshirikisha faida ikipatikana, ni haki, na iandikwe kabla, wakati bado hakuna faida ya kugombania.

Fedha zinanipeleka kwa wafadhili. Mtasimama mbele yao mkiwa na trela ya dakika tatu, na mtaona kwamba machozi yanauzika. Shinikizo hilo lipo, na lina nguvu zaidi kwa mtu anayeanza. Ombi langu ni dogo na linatekelezeka: kipande cha siri kuliko vyote msikiweke kwenye trela hiyo. Inatumwa kwa barua pepe, inapita mikono ambayo hutaijua, na mara nyingi mhusika mwenyewe hajaiona. Picha zenu zote ziwe na nakala tatu, moja ikae mahali pengine, na zote zifungwe kwa nywila. Laptopu iliyoibwa ikiwa na maungamo ya mtu si hasara yako peke yako.

Halafu siku inafika ambapo mnaacha kurekodi. Mwambieni mhusika tarehe hiyo mapema. Kuna watu ambao kwa miaka miwili hakuna aliyewasikiliza isipokuwa ninyi, na kutoweka ghafla kwa sababu mmeingia chumba cha uhariri ni kuwaacha mahali pabaya kuliko mlipowakuta. Pigeni simu. Nendeni msibani. Filamu itakapoonyeshwa, mtu wa timu akae kando yake ukumbini, mkubaliane kabla kama atapanda jukwaani na ni maswali gani hatajibu, na wewe mwenye kipaza sauti ulizuie swali hilo kabla halijamfikia. Wiki inayofuata, wakati wewe unasoma maoni ya wahakiki, mtu huyo huyo wa timu ampigie kuuliza majirani wamesema nini.

Nitabaki hapa hadi jioni. Wenye kazi zilizo mezani tayari, wekeni viti karibu tuanze nazo. Leteni dakika kumi za kwanza, na kabla hatujaziwasha mniambie kama mhusika ameshaziona.